Rambo wa Pili Alivuka Feri Kabla ya wa Kwanza

Ukiniuliza sinema yanuka nini, sitakwambia bisi. Nitakwambia jasho la vijana waliobanana bega kwa bega, viazi vya karai, moshi wa sigara, na ule mpira wa nyaya za stima unaoanza kuungua polepole bila mtu kujali. Hiyo ndiyo sinema tuliyoijua sisi wa Likoni miaka ya themanini. Sinema zenye mapazia na viti vya kukunjika zilikuwa kisiwani: Regal, Majestic, Naaz, Kenya, Lotus. Feri mwenda kwa miguu halipi, hilo kweli, lakini kule ng'ambo wataka shati la heshima, viatu, pesa ya tikiti, na ujasiri wa kurudi usiku. Sisi tulikuwa na vipatipati na shilingi mbili.

Shilingi mbili zilitosha kukuingiza video. Hatukusema ukumbi wa video wala kibanda, tulisema tu "twenda video", na kila mtu akajua ni ile nyumba ya udongo karibu na njia ya Mtongwe, madirisha yamezibwa kwa magunia, mabenchi yametengenezwa kwa mbao za kushindilia mizigo melini. Mbao hizo zilikuwa na misumari, na kila benchi lilikuwa na msumari wake ambao wenyeji waliujua na wageni waliujulia suruali. Televisheni ilikaa juu ndani ya kizimba cha chuma kama kuku wa mayai. Mlangoni alikaa kijana mwenye tochi, na ukutani paliegemezwa ubao mweusi ulioandikwa kwa chaki: LEO RAMBO 2. Chini yake, kwa herufi ndogo, pameandikwa: watoto wa skuli hawaruhusiwi. Sisi watoto wa skuli tuliisoma ilani hiyo, tukatoa shilingi mbili zetu, tukaingia.

Sasa sikiliza, kwa sababu hapa ndipo penye kisa. Ubao uliandikwa RAMBO 2, na hakuna aliyeuliza moja iko wapi.

Tulikuwa tumelelewa na filamu za Kihindi. Steringi wetu alikuwa Amitabh Bachchan, na steringi wa Kihindi ana kazi nyingi: apigane, aimbe, amlilie mama yake, apotezane na ndugu yake utotoni na amtambue kwa alama ya mkononi filamu ikikaribia kwisha. Waingia saa nane, watoka magharibi, umelia, umecheka, umejifunza adabu. Halafu akaja mtu huyu kifua wazi, kitambaa kimefungwa kichwani, hana mama, hana ndugu, haimbi. Maneno yake yote kwa filamu nzima nadhani yangeenea nyuma ya bahasha. Na sisi ambao Kiingereza chetu kilikuwa cha kusomea tu, tulimfahamu neno kwa neno.

Wasiomwona wakati ule hawatafahamu kelele iliyokuwapo. Kuna pale afisa wa adui anapomfyatulia bastola huku akikimbia, risasi zamwishia moja moja, na Rambo amesimama tu juu ya mwamba, avuta upinde taratibu. Ukumbi mzima ulikuwa ukihesabu risasi kwa sauti. Mshale ukiachiliwa watu walikuwa tayari wamesimama juu ya mabenchi, na yule afisa akigeuka moshi, tochi ya kijana wa mlangoni yapita vichwani mwetu huku akipiga ukelele: "Kaeni chini! Nani atalipa benchi?" Co Bao, yule dada aliyekuwa mwenyeji wake kule msituni, alipigwa risasi pale pale baada ya kubusiwa, na kila siku tulimwonya. Kila siku. "Dada, nyuma yako!" Hakusikia hata mara moja.

Na mwisho Rambo arudi kambini na bunduki kubwa mkononi, akamimine risasi kwenye mitambo ya yule bosi aliyemsaliti. Mitambo ile ni kompyuta. Wakati ule hakuna mtu mle ndani aliyewahi kuona kompyuta. Nyuma yangu palizuka mabishano makali, mmoja asema ni friji, mwingine asema ni mashine za kupigia hesabu za benki, na mwenzao mmoja, ambaye kaka yake alifanya kazi Changamwe kule kiwanda cha kusafisha mafuta, akatoa hukumu kwamba hizo ni pampu. Tulimwamini huyo wa pampu. Mtu mwenye kaka Changamwe hakubishiwa mambo ya mitambo.

Kaseti yenyewe ilikuwa moja. Kaseti hizi zililetwa na mabaharia na watu waliokwenda kutafuta Uarabuni, na nyingi zilikuwa nakala ya nakala, hata Rambo mwenyewe alikuwa na rangi ya zambarau upande wa kushoto. Mwenye video wetu alishirikiana na mwenye video wa Kisauni, kule karibu na Mlaleo. Kisauni waonyesha mchana, Likoni twaonyesha baada ya alasiri. Kijana mmoja alikuwa na kazi ya kuibeba kaseti ndani ya mfuko wa unga: matatu kutoka Kisauni, Kongowea, daraja la Nyali, mjini, halafu feri. Daraja lilikuwa jipya bado machoni mwetu, lile lililofunguliwa 1980 baada ya lile la kuelea, na wazee walikuwa wangali wakilisifu kila wakilivuka. Lakini feri ni feri. Ikiwa meli kubwa yaingia Kilindini, feri yasimama ingoje, na Rambo naye asimama angoje, ndani ya mfuko wa unga, katikati ya wauza madafu na kuku waliofungwa miguu.

Siku moja alikawia hadi jua likapunguka. Watu wameshalipa, wameshakaa, wameanza kupiga mabati. Mwenye video kwa kuhofia nyumba yake akatia kaseti yoyote iliyokuwa karibu, ikawa ni harusi. Harusi ya watu tusiowajua, mahali pengine Kisauni, wanawake na mabuibui yao, taarabu yapigwa, pilau yapakuliwa kwa sinia. Tulizomea kwanza. Halafu tukanyamaza. Halafu mmoja akasema bibi harusi ni mzuri. Kufika wakati wa kumtuza bibi harusi, tulikuwa tukipiga makofi kwa kila noti. Ghafla jamaa mmoja wa benchi la mbele akaruka: "Yule si khalati yangu? Khalati yangu yule, acheni kumtazama!" Akataka kuizima televisheni kwa mkono, kizimba kikamzuia. Kaseti ya Rambo ilipofika, nusu ya watu walitaka harusi imalizwe kwanza.

Nje ya ukumbi, Rambo aliendelea kutwa. Leso nyekundu za mama zetu zilianza kupungua upana bila sababu, hadi sababu ikajulikana, na tukapigwa. Tulitengeneza mishale kwa chelewa za mnazi, tukafunga vichwa vya kiberiti kwenye ncha kwa uzi. Mshale ulikuwa wapaswa kulipuka ukigonga. Haukulipuka kamwe, ila mmoja ulioanguka juu ya makuti ya banda la kuku ukafuka moshi wa kutosha kuwaleta majirani wote na ndoo. Wakubwa wetu nao walijaza saruji kwenye mikebe ya rangi, wakaipachika kwenye ncha za chuma kuukuu, wakapiga chuma jioni chini ya mwembe. Kila mtaa ulikuwa na Rambo wake. Changamwe kulikuwa na utingo wa matatu aliyeitwa Rambo, mwembamba kama uti wa mwiko. Wenzetu wa Tanzania nao wakauita mfuko wa plastiki rambo, na jina hilo likaishi hadi mifuko ile ilipopigwa marufuku huko mwaka 2019. Sijui Stallone, aliyemwigiza, ana habari.

Palikuwa na mzee mmoja jirani yetu aliyependa kuja video alasiri, akikaa karibu na mlango apate upepo. Hakulipa, na hakuna aliyethubutu kumwambia alipe. Ujanani aliingia jeshi la KAR na kupelekwa Burma, katika vita vile vya Mjapani, na mguu wake mmoja haukukunjika sawasawa. Sisi tulimwita Babu tu. Rambo alimpa taabu kubwa.

"Huyu ala nini huko msituni?" akauliza, kwa sauti ya kusikika mpaka nje.

"Babu, tazama tu."

"Natazama. Hana chakula, hana maji, hana mwenzake wa kumshikia ule mkanda wa risasi. Risasi zote hizo amezibeba nani? Na mvua mbona hainyeshi? Burma mvua yanyesha mpaka waoza miguu ndani ya viatu. Huyu hata homa hana!"

"Babu, huyu ni steringi. Steringi haugui."

"Basi afadhali yeye," akasema Babu, akaendelea kutafuna tambuu yake.

Yule wa kwanza alituwasilia baadaye, na kwa makosa. Mwenye video alinunua kaseti kadhaa kwa mkupuo, na ndani yake ilikuwamo moja isiyokuwa na picha wala maandishi ya maana. Alipoijaribu akaona sura ya Stallone, akakimbilia chaki. RAMBO 1. Watu walijaa hadi wengine wakachungulia kupitia matundu ya magunia.

Filamu ile ni ya 1982, na aliyeiongoza ni Ted Kotcheff. Yaanza na mwanamume aliyevaa koti la kijeshi, mkoba begani, apita kijijini kumtafuta rafiki yake waliyekuwa naye vitani Vietnam. Mama mmoja aanika nguo, amwambia rafiki yako amekufa, saratani, ile sumu waliyoinyunyiza huko ndiyo iliyomuua. Mtu huyu aondoka, afika mji mwingine, hajamkosea mtu. Askari mkuu wa mji amsimamisha. Wala hamwulizi ameiba nini. Amwambia tu hatutaki watu wa sura yako hapa, ampakia garini amtoe nje ya mji. Naye akigeuza miguu arudi, akamatwa. Kosa lake? Kuzurura.

Ukumbi ulikuwa ukiguna. Huyu si Rambo, watu walisema, huyu ni mdogo wake. Hana misuli. Yuaogopa, avuja damu, ajishona mkono mwenyewe kwa uzi na sindano. Na filamu nzima, hebu fikiria, afa mtu mmoja tu, askari aliyeanguka kutoka kwenye helikopta. Mmoja akadai arudishiwe shilingi mbili zake. Mwisho kabisa Rambo alikaa sakafuni akalia. Alilia kikweli, makamasi na yote, amemshika kanali wake wa vitani, amweleza habari za rafiki yake aliyelipuliwa na mtoto mpiga viatu rangi, na jinsi yeye mwenyewe alivyorudi kwao asipate hata kazi ya kuegesha magari. Sisi tulizoea steringi wa Kihindi kulia. Lakini Mzungu? Rambo? Vijana wa mbele walicheka hadi wakaanguka benchini.

Babu hakucheka. Aliuliza jambo moja tu, kwani huyo mkubwa wake alikuwa wapi siku zote hizo? Halafu akajiinua kwa mkono, akaenda zake msikitini.

Mimi kosa lile la kuzurura ndilo lililonikaa rohoni, kwa sababu sisi tulilijua. Video ya usiku ikimalizika, watoka gizani macho yakiuma, na pale barabarani huenda pakawa na lori la polisi. Watoka wapi? Waenda wapi? Kitambulisho kiko wapi? Kenya ilikuwa na sheria ya uzururaji iliyorithiwa kwa mkoloni, na haikufutwa hadi 1997. Vijana wengi wa Likoni, Kisauni na Changamwe walilala seli kwa kosa la kutembea. Kwa hivyo yule Rambo wa kwanza, aliyeburutwa kituoni kwa kupita njia, alikuwa mwenzetu kabisa. Wa pili, aliyelipua mto mzima, hakuwa na uhusiano wowote nasi. Na sisi tulimtaka huyo wa pili. Tulimtaka kwa makelele.

Wala hatukuwa peke yetu. Katika riwaya ya David Morrell ya 1972, alikozaliwa Rambo, mtu huyu afa mwishoni. Hata Kotcheff alikuwa amepiga picha za mwisho ambamo Rambo afa, watazamaji wa majaribio wakachukia, akaachwa hai. Hilo moja likabadilisha mengi. Mtu akiwa hai aweza kurudishwa kazini. Muswada wa kwanza wa filamu ya pili uliandikwa na James Cameron, naye alikuwa amempa Rambo mwenzake wa kufuatana naye. Stallone alipoushika muswada akamwondoa mwenzake huyo, George Cosmatos akaongoza, na tarehe 22 Mei 1985 filamu ikafunguliwa Marekani katika sinema zaidi ya elfu mbili kwa siku moja, jambo lililokuwa geni wakati huo. Iliingiza dola karibu milioni 300 duniani. Rais Reagan mwenyewe alitania kwamba baada ya kumtazama Rambo sasa ajua la kufanya mateka wakichukuliwa tena. Wakosoaji waliitukana, na wenye tuzo za kejeli wakaitawaza filamu mbaya kuliko zote za mwaka. Nani wa Likoni aliyesikia?

Ninachokipenda zaidi katika kisa hiki ni wenye kampuni iliyomtoa Rambo. Carolco ilikuwa ya watu wawili, Mario Kassar mzaliwa wa Beirut na Andrew Vajna mzaliwa wa Budapest. Biashara yao ilikuwa kuuza filamu nchi za nje hata kabla haijapigwa picha. Watu kama hao wajua kwamba mzaha wa Kiingereza haupandi ndege, wala machozi yenye hotuba ndefu. Mlipuko wapanda. Walitujua sisi wa benchi la misumari kabla hatujajijua. Baada ya hapo kila steringi aliyekuja alikuwa na kifua cha Rambo na maneno ya Rambo: Schwarzenegger katika Commando mwaka ule ule wa 1985, na wengine ambao majina yao tuliyachanganya. Miaka sita baadaye Carolco hiyo hiyo, na Cameron huyo huyo, walimchukua yule roboti muuaji wa Terminator wakamgeuza mlinzi wa mtoto. Terminator wa pili, 1991. Tukapiga mabati tena. Safari ile hata mimi nasema ilikuwa filamu nzuri, lakini njia ilikuwa imekwisha kukatwa na mtu wa upinde.

Rambo wa tatu, 1988, alikwenda Afghanistan akapanda farasi pamoja na mujahidina wenye vilemba. Likoni filamu hiyo ilikuwa sikukuu, hata wazee waliochukia video walikuja. Baada ya 2001 nikawa nikiikumbuka kila nikisikia vijana wa kanzu wamechukuliwa usiku Kisauni au Majengo kwa tuhuma za ugaidi. Rambo hakuulizwa alipanda farasi na nani.

Lakini kabla ya hayo ilikuja Agosti 1997. Usiku wa tarehe 13 kituo cha polisi cha Likoni, pale pale penye feri, kilivamiwa, polisi wakauawa, bunduki zikachukuliwa. Waliofuata kuuawa walipita mia moja, na watu wa bara wakakimbia kwa maelfu, magodoro vichwani. Mwenye video wetu alikuwa mtu wa bara. Alikuwa ameishi Likoni miaka mingi, akisema Kiswahili cha kuchekesha na akijua kila mtoto ni wa nani. Aliondoka na deki moja chini ya kwapa. Mlio wa bunduki, nikwambie, haufanani na wa video. Ni mkavu, mfupi, kama mtu avunja ukuni, na baada yake hakuna muziki.

Video zilirudi baadaye, zikiwa na wenyewe wengine. Zikaja DVD, akaja DJ Afro na kutafsiri kwake, steringi wa Kichina akawa asema Kiswahili cha Nairobi na kutukana vizuri sana. Sinema za kisiwani zikafungwa moja moja. Vibanda vikahamia mpira wa Uingereza, na hapo ndipo vilipo hadi leo, na wana wetu wajua majina ya mabeki wa Arsenal kuliko ya shangazi zao. Pale palipokuwa na nyumba yetu ya magunia sasa ni duka la simu. Nimepita, nimeingia, nimenunua chaja. Kijana wa dukani aliniuliza kama nataka ya asili au ya kawaida.

Mjukuu wa dada yangu ndiye anayenifanya nicheke. Huyu hutazama filamu kwenye simu, kichwa chini, juu ya feri, ndani ya matatu, chooni. Juzi nilimkuta na Rambo wa 2019, Stallone ameshapita sabini, uso umemkunjamana.

"Babu, huyu mzee si apumzike?"

"Huyu amepumzishwa mara nyingi, hawamwachi," nikamwambia. "Mtafute yule wa kwanza kabisa, wa 1982. Huyo ndiye mwenye maneno."

Akaitafuta pale pale, hivi ndivyo dunia ilivyo siku hizi, dakika moja. Akaniangalia. "Yuaua wangapi?"

"Mmoja. Na huyo alianguka."

"Filamu nzima?"

"Filamu nzima."

"Na mwisho?"

"Mwisho alia."

Akairudisha simu mfukoni, akaniuliza kama kuna mahamri yamebaki.